Penseli ya Doreen

Prufu za riwaya ya nane, zile kurasa za kusahihishwa kabla ya kuchapwa, zilifika mji wa Burnley Jumanne asubuhi, ndani ya bahasha nene ambayo haikuingia kwenye tundu la barua, ikabidi mtu wa posta agonge mlango. Lorna Whitham alizipokea na unga mikononi. Juu ya bahasha palikuwa na jina la mama yake, Bi. Doreen Ormerod, kwa mwandiko wa mdogo wake, Rosalind, ule mwandiko wa mbio wa mtu aliyezoea kusaini vitabu mia mbili kwa mkao mmoja.

"Nini hicho?" mama yake aliuliza kutoka kitini.

"Kitabu cha Roz."

"Nipe penseli yangu."

Alipewa. Ilikuwa desturi ya nyumba hiyo kwa miaka ishirini na mbili. Doreen alikuwa msomaji wa prufu katika gazeti la mji tangu akiwa msichana mpaka alipostaafu, na tangu riwaya ya kwanza ya binti yake mdogo, hakuna ukurasa uliokwenda mtamboni kabla haujapita chini ya penseli yake. Wachapishaji wa London walikuwa na wasomaji wao wa kulipwa, lakini Rosalind hakuwaamini. Alimwamini mama yake, ambaye katika riwaya ya tatu, pale mjane alipoangua kilio mbele ya meza ya muuza samaki, aliandika kwenye pambizo: "Jumatatu hakuna samaki sokoni." Rosalind akakihamishia kilio Jumanne. Penseli ya Mama haikubishiwa.

Rosalind aliandika juu ya familia, mapenzi na misiba. Ndivyo ilivyoelezwa nyuma ya kila kitabu chake, na watu walivinunua kwa maelfu, wakavililia kwenye treni. Katika riwaya saba alikuwa ameshaua akina mama watatu, mume mmoja, mtoto mchanga na mbwa. Waliomjua walisema ni mtu mchangamfu sana.

Tatizo ni kwamba penseli ya Mama ilikuwa imekwisha kazi, na Rosalind hakujua. Doreen, mwenye miaka themanini na sita, aliweza kuusoma ukurasa wa kwanza tangu baada ya kifungua kinywa mpaka saa kumi jioni, akaufunika, akaufunua, akaufurahia upya. Kwenye simu ya kila Jumapili alikuwa hodari: alicheka panapostahili na kuuliza hali ya hewa ya London, na Rosalind akakata simu akiamini mama yake anasahausahau kidogo tu kama wazee wote. Siku moja, miaka miwili nyuma, akili ikiwa imetulia kama kawaida yake ya zamani, Doreen alimshika Lorna mkono akamwambia, "Usimwambie Roz." Basi Lorna hakumwambia. Alichukua prufu, akazisoma yeye usiku na mchana, akaweka alama zote kwa mwandiko wa mama yake, ambao aliujua tangu utotoni kwa kukaa naye meza hiyohiyo. Riwaya ya sita na ya saba zilisahihishwa na Lorna, aliyewahi kuwa mpishi wa shule. Katika ukurasa wa shukrani Rosalind aliandika: "Kwa Mama, mwenye macho ya mwewe." Na chini yake: "Kwa dada yangu Lorna, kwa chai."

Clive, mume wa Lorna, aliiona hiyo ya chai ndiyo kichekesho cha mwaka. Kila alipopelekewa kikombe alisema, "Ahsante sana, na nitakutaja kitabuni."

* * *

Alhamisi mchana Lorna alifika sura ya ishirini na mbili.

Alikuwa ameanza kuhisi mapema. Baba wa kwenye kitabu alikuwa fundi wa lipu, kama Wilf, baba yao. Alikuwa na mapafu yaliyojaa vumbi, kama Wilf. Kitanda chake kilikuwa kimeshushwa chumba cha mbele, mahali kilipokaa cha Wilf kwa miezi kumi na mmoja. Hayo Lorna aliyapitisha bila neno. Alishazoea kukutana na mapazia yake na sufuria zake katika nyumba za watu wasiokuwepo.

Katika sura hiyo baba anakufa. Binti yake, Imogen, binti pekee, ameacha kazi yake na kuja kumuuguza. Anamlowesha midomo kwa pamba iliyochovywa kwenye chai, kwa sababu maji hayataki. Anamgeuza kila baada ya saa mbili. Saa kumi alasiri baba anafumbua macho, anauliza, "Ngazi imeingizwa ndani?" Binti anamwambia, "Imeingizwa, Baba," ingawa ngazi iliuzwa miaka sita nyuma. Baba anasema, "Vyema," na hasemi tena.

Lorna aliweka penseli chini.

Pamba ilikuwa yake. Chai ilikuwa yake, na ile ngazi ilikuwa yake kuliko vyote, maana chumbani siku hiyo hakukuwa na mtu mwingine. Mama yao alikuwa hospitali kwa nyonga iliyovunjika. Clive alikuwa njiani na basi lake. Rosalind alikuwa jukwaani kwenye tamasha la vitabu, mji mwingine kabisa, akizungumza na watu mia nne juu ya kuandika huzuni. Alifika kesho yake saa tano, na Lorna ndiye aliyemsimulia, jikoni, wote wawili wakiwa bado na makoti. Alimsimulia kwa sababu alimhurumia.

Alirudi nyuma akapekua kurasa zote, labda dada yuko mahali fulani, labda ameolewa Australia. Hakuwepo. Imogen alizaliwa peke yake na kulelewa peke yake. Lorna hakuwa ameuawa kama wale akina mama watatu. Hakuzaliwa kabisa.

* * *

"Mwambie," Clive alisema jioni ile, mdomo umejaa pai ya viazi. "Chukua simu, mwambie, dada mtu nimekukuta unavaa nguo zangu."

"Atasema ni riwaya."

"Na wewe mwambie wewe ni mtu."

"Unaona rahisi."

"Sioni rahisi. Nimeona ukimbeba Wilf kwa miezi kumi na mmoja mpaka mgongo ukakwisha. Nimeona ukiacha kazi, tukala tulichokula. Sasa huyo Imogen ndiye mwenye mgongo?"

Lorna alikusanya sahani. Alipotoka jikoni alimkuta mama yake amezichukua prufu mezani. Kwa bahati mbaya zilikuwa wazi pale pale, na Doreen alikuwa akisoma huku machozi yakimtiririka na penseli imelala mapajani.

"Maskini Roz," alisema. "Nilikuwa sijui kama alikuwa peke yake na baba yake. Alimlowesha midomo. Kwa chai! Nani mwingine angefikiria chai?"

"Mama, hicho ni kitabu."

"Najua ni kitabu. Nimesoma vitabu kabla hujazaliwa." Akajifuta pua. Kisha akamtazama binti yake mkubwa, bila ukali wowote, kama mtu anayeuliza njia. "Na wewe, Lorna, ulikuwa wapi?"

Lorna alifungua mdomo. Akauona uso wa mama yake, safi, unasubiri jibu, na akajua kwamba jibu lolote atakalolitoa litakuwa limekwisha kabla ya chakula cha usiku, wakati kitabu kitakuwa bado kipo mezani.

"Nilikuwa jikoni," alisema.

"Ah," Doreen alisema, akarudi kusoma.

Ilimuuma Lorna kuliko kifo chenyewe. Kifo alikitarajia.

* * *

Jumamosi alikwenda duka la dawa kuchukua nepi za mama yake. Kwenye foleni alikuwepo Enid Hargreaves, mwanamke mnene wa kanisani, ambaye hajawahi kusema jambo kwa sauti ya chini tangu abatizwe.

"Lorna mpenzi! Umeona gazeti? Dada yako ukurasa mzima!"

Alikuwa nalo. Lilikuwa lile gazeti la Doreen, ambalo sasa halikuwa na msomaji wa prufu, na hata jina la mtaa wao lilikosewa. Rosalind alikuwa amepigwa picha akiwa ameegemea rafu ya vitabu. Kichwa cha habari kilisema kitabu kipya kilizaliwa kando ya kitanda cha baba. Chini yake mwandishi wa habari alieleza namna mwandishi huyo maarufu "alivyomuuguza babaye, fundi wa lipu wa Burnley, mpaka pumzi ya mwisho."

"Mimi nilikuwa sijui," Enid alisema, na foleni nzima ikageuka ili nayo ijue. "Nilidhani ni wewe uliyekuwa unahangaika na Wilf. Kumbe Rosalind! Na umaarufu wote ule, kuacha London, kuja kumfuta baba yake. Si wote wangefanya. Wangu hawanipigii hata simu."

"Nilikuwa nasaidia," Lorna alisema.

"Bila shaka, mpenzi. Kila mtu na sehemu yake."

Mfamasia akaweka pakiti juu ya kaunta, kubwa, haifichiki. "Nepi za watu wazima, saizi ya kati," alisema. "Ni za kwako?"

"Za mama yangu."

"Roz angekuletea za London," Enid alisema kwa huruma. "Naambiwa ni laini zaidi."

Lorna alizibeba pakiti kifuani hadi nyumbani, kwa miguu, akipanda kilima, mvua ikinyesha. Alipofika mlangoni alikuwa ameshaamua.

* * *

Alifanya Jumapili, baada ya ile simu ya kila wiki. Clive alikuwa amekwenda kuangalia mpira. Doreen alisinzia. Lorna alichonga penseli kwa kisu cha jikoni, kama mama yake alivyochonga, akafungua sura ya ishirini na mbili, na kwenye pambizo, kwa mwandiko wa Doreen, ule wa kusimama wima, akaandika: "Mabinti walikuwa wawili. Aliyekuwa chumbani ni mkubwa."

Akasoma alichoandika. Kwa miaka miwili alikuwa ameazima mkono wa mama yake kurekebisha nukta na mikato, na hakuona aibu. Sasa aliona. Hata hivyo hakufuta. Jumatatu asubuhi alifunga bahasha, akaipeleka posta, akalipia ya haraka.

Jumatano simu haikulia. Alhamisi saa saba mchana teksi ilisimama nje, akateremka Rosalind, koti refu la kijivu, mkoba begani, bahasha ileile kwapani. Hakuwa amejulisha. Hakuwa amepaka hata rangi ya mdomo.

"Lazima irudi kwa wachapishaji kesho," alisema mlangoni, badala ya salamu. "Mama yuko wapi?"

"Kitini. Roz, ngoja kwanza..."

Rosalind hakungoja. Alipiga magoti mbele ya kiti cha mama yake, na koti lake lote, akamwekea ukurasa mapajani.

"Mama. Umeniandikia hivi."

Doreen alimshika uso kwa mikono miwili. "Umekonda. Lorna, huyu amekonda, mpe kitu."

"Mama, hebu soma. Hapa pembeni. Umenikasirikia? Kama umenikasirikia niambie mdomoni. Sijalala siku mbili."

Doreen alivuta miwani, akausogeza ukurasa karibu, akausogeza mbali. Alisoma yale maneno mara moja tu.

"Hii sikuandika mimi," alisema. "Huu mkono ni wa Lorna."

Rosalind akageuka kumtazama Lorna.

"Ameiga vizuri," Doreen aliendelea, kwa uadilifu wa mtaalamu, "lakini Lorna hukandamiza penseli kama anasugua sufuria. Tazama upande wa nyuma, imetokeza. Mimi sijawahi kutoboa karatasi ya watu."

* * *

Walikwenda jikoni, wakafunga mlango. Lorna aliwasha birika la umeme kwa sababu mikono ilihitaji kazi.

"Tangu lini?" Rosalind aliuliza.

"Tangu kitabu cha sita."

"Vyote viwili?"

"Vyote viwili, na hiki. Hawezi, Roz. Anasoma ukurasa mmoja siku nzima. Alinikataza kukwambia."

"Kwa hiyo nimekuwa nikimshukuru mtu ambaye hata..." Alikaa. Alikuwa mwanamke wa miaka hamsini na saba, na ghafla alionekana kama aliyeachwa kituoni. "Mngeniambia."

"Ungekuja?"

"Si haki hiyo."

"Haya, tuache haki. Tuongee kitabu chako. Ile ngazi nilikupa mimi, jikoni hapa hapa. Nilikupa ulie nayo. Sikukupa uikalie peke yako."

"Lorna, ni riwaya. Imogen si mimi."

"Enid Hargreaves anasema ni wewe. Gazeti linasema ni wewe. Mama ameniuliza mimi nilikuwa wapi. Mama, Roz! Ameniuliza kwa upole, kama mgeni. Nikamwambia nilikuwa jikoni."

Rosalind alifunika macho. "Gazeti lilinitia maneno mdomoni. Nilisema tulimuuguza."

"Hata hilo ni uongo."

"Najua ni uongo!"

Sauti yake ilipanda, ikashuka yenyewe. Alipoanza tena alisema polepole, akitazama kitambaa cha meza.

"Nilijaribu kuwaandika wawili. Mwaka mzima nilijaribu. Mmoja yuko chumbani na pamba. Wa pili hana la kufanya. Kila nikimtafutia kazi, namkuta yuko jukwaani anaongea juu ya huzuni na watu wanampigia makofi. Kisha anapanda treni, anakula sandwichi, hajui lolote, anafika kesho yake. Nani atamsoma huyo? Mimi mwenyewe nilimchukia. Nikamtoa. Na alipotoka, ukabaki wewe chumbani, nami nikakuvaa." Akainua uso. "Sikukufuta wewe, Lorna. Nilijifuta mimi."

Lorna alisikia, na aliamini, na haikumsaidia. "Basi mbona aliyekosekana ni mimi?" alisema.

Rosalind alikunja kona ya kitambaa cha meza. Birika lilichemka, likazima lenyewe, hakuna aliyelishika.

"Nikuulize jambo moja," alisema baadaye. "Kitabu cha saba. Ukurasa wa mia na arobaini. Pale pembeni paliandikwa 'Vizuri.' Neno hilo tu. Mama hajawahi kuniambia vizuri maisha yangu yote. Si shuleni, si kwenye harusi, si kwa kitabu chochote. Ule ukurasa nimeukata, ninatembea nao." Alimtazama dada yake moja kwa moja. "Na hilo pia ni wewe?"

Lorna aliukumbuka vyema. Alikuwa akisoma huku mchuzi unaungua, na mstari ule ulimgusa, akaandika kabla hajafikiri. Tangu prufu hizi zilipofika alikuwa ameshindwa mambo mengi, na sasa palikuwa na jambo moja alilokuwa nalo mkononi, zito, la kumrushia mtu usoni. Alitamani kulirusha, na tamaa hiyo ilimtisha.

"Hapana," alisema. "Hilo ni la Mama. Siku hiyo alikuwa na akili zake."

Ulikuwa uongo, na ulitoka laini. Rosalind alishusha pumzi, akalia kidogo bila sauti, akajifuta kwa kitambaa cha vyombo.

"Siwezi kumwingiza dada sasa," alisema alipotulia. "Kurasa zimeshapangwa. Nikiongeza aya moja, kitabu kizima kinasukumwa, watanikata kichwa. Katika hatua hii ninaruhusiwa mstari kwa mstari. Nikitoa mmoja, naingiza mmoja, urefu uleule."

"Basi mmoja."

"Mmoja unatosha?"

"Hautoshi," Lorna alisema. "Lete."

Walikaa bega kwa bega juu ya ukurasa huo, wakitafuta cha kutoa. Rosalind alitaka kuondoa mstari wa saa ya ukutani. Lorna alimwambia saa ilikuwepo, mvua ndiyo haikuwepo, siku hiyo ilikuwa jua kali la Machi na Wilf alilalamika linamchoma macho. Wakakata mvua. Mahali pake, baada ya kujaribu mara tano na kuhesabu nafasi kwa ncha ya penseli, Rosalind aliandika: "Dada yake alikuwepo chumbani tangu siku ya kwanza."

Miezi kumi na mmoja ya kumuuguza Wilf ilienea ndani ya mstari huo bila kubakiza nafasi. Lorna aliusoma mara nyingi. Aliona aibu kwa furaha aliyoisikia, maana ilikuwa kubwa kuliko mstari wenyewe.

"Tumpe Mama aone," Rosalind alisema. "Ni desturi."

* * *

Doreen aliupokea ukurasa kwa vidole viwili, kwenye kona, namna walivyofundishwa zamani ili wino usichafuke. Alisoma tangu juu. Penseli ilishuka pambizoni, mstari baada ya mstari, bila kugusa karatasi. Mabinti wake walisimama kila mmoja upande wake wa kiti. Penseli ikafika pale, ikasimama.

"Dada gani?"

"Dada yake Imogen, Mama," Rosalind alisema.

"Hana dada."

"Sasa anaye."

"Ukurasa wa mia mbili themanini na nane?" Doreen aliwatazama juu ya miwani, na macho yalikuwa yale ya dawati la gazeti, makali, hayana msiba ndani yake. "Kitabu kizima hana dada, leo baba anakata roho ndiyo dada anatokea? Kalala chini ya kitanda? Msomaji atadhani ameruka kurasa." Akaulaza mkono wake kama rula, akaukata mstari wote kwa pigo moja lisilotetemeka, na pembeni akachora alama ya kufuta maneno, ndogo, safi.

Ilikuwa alama yake ya kwanza ya kweli kwa miaka miwili. Nayo ilikuwa sahihi.

Rosalind aliiangalia alama hiyo. "Lorna," alisema taratibu, "kikazi, Mama..."

"Najua. Yuko sawa."

Na alijua kwa hakika kwamba yuko sawa, na hasira zilimpanda hata hivyo, kwa mama yake, kwa dada yake, kwa Enid, kwa Wilf aliyemchagua yeye kumwuliza ngazi, na kwa upole wake mwenyewe, ambao kila mtu alikuwa akiutumia kama mlango wa nyuma. Aliinama, akaichomoa penseli kutoka vidoleni mwa mama yake. Hakuna aliyewahi kufanya hivyo katika nyumba hiyo. Doreen alibaki na mkono hewani.

Katika kazi ya prufu, maneno yaliyokatwa hurudishwa kwa kuwekewa vidoti chini yake, na pembeni huandikwa kwamba yaachwe. Lorna aliweka vidoti, kimoja kimoja, akikandamiza kama anasugua sufuria. Pembeni akaandika: "Yabaki." Chini yake akaandika jina lake, Lorna Whitham, kwa mwandiko wake mwenyewe wa kulala, wa mtu aliyezoea kuandika orodha za vyakula vya shule.

"Nani amekuruhusu?" Doreen aliuliza.

"Hakuna."

"Na msomaji akiuliza huyu dada ametoka wapi?"

"Aulize," Lorna alisema. "Alikuwa humu humu, Mama. Chumba hiki. Ngazi niliulizwa mimi."

Rosalind alikuwa ameweka mkono juu ya bega la Lorna. Doreen alimtazama binti yake mkubwa. Haikuwezekana kujua anatafuta nini huko ndani, wala kama amekipata. Kisha akainama juu ya ukurasa, akavipitia vile vidoti kwa kucha ya kidole, toka kushoto kwenda kulia, mpaka mwisho.

"Basi fanya kazi yako sawasawa," alisema. "Umeruka neno."

Lorna aliangalia, akaona ni kweli, akaliwekea vidoti vyake.